Fundi Asiyeonekana

Miongoni mwa mafundi wastahilio shukrani kwa kazi ambayo, ikitimia barabara, hakuna aitambuaye kuwa ni kazi, hayati Bansi Chandragupta, msanifu wa mandhari katika filamu za Satyajit Ray wa Bengal, ana daraja la juu. Kwani, baada ya kuihudumia Pather Panchali ya mwaka 1955, iliyotengenezwa kwa mali haba, aliujenga studioni, kwa ajili ya Aparajito ya mwaka 1956, ua wa ndani wa nyumba ya mjini Benares, India, ukatandwa juu kitambaa cheupe, ambacho mpiga picha Subrata Mitra alikielekezea taa, nuru ikarejea chini laini kama ya mchana wenyewe. Watazamaji waliosadiki kuwa wanaiona Benares ndio mashahidi wa umahiri wake, naye twampongeza kwa dhati.