Kiatu Kilichopata Shabaha: Tashtiti katika Michezo ya Mtandaoni

Baadhi ya wanafunzi wetu wa fasihi hudhani kwamba kila kinachowachekesha watu juu ya mtawala ni tashtiti. Tunapenda kulipima dai hilo kwa mchezo wa kompyuta uitwao Sock and Awe, uliotungwa Uingereza na kuwekwa kwenye intaneti Desemba 2008.

Chanzo chake kinafahamika. Tarehe 14 Desemba 2008, mjini Baghdad, mwandishi wa habari Muntadhar al-Zaidi alimrushia Rais George W. Bush wa Marekani viatu vyake viwili. Bush aliinama, vyote vikamkosa. Mchezo huo ulimpa mchezaji nafasi ya kurusha upya, safari hii ampate rais usoni.

Kifani, mtunzi ana uhodari. Jina la mchezo linakejeli "Shock and Awe", jina lililovuma la mashambulizi ya Marekani nchini Iraki mwaka 2003. Imedondoshwa herufi moja tu, mshtuko ukageuka soksi.

Kimaudhui, hata hivyo, tunaona pengo. Al-Zaidi hakurusha kimya: kiatu cha pili alisema ni cha wajane, mayatima na waliouawa Iraki. Maneno hayo ndiyo yaliyokifanya kiatu kiwe hoja. Mchezoni imebaki shabaha na alama. Tena al-Zaidi alikaa kizuizini miezi tisa, hadi Septemba 2009, ilhali mchezaji hakuhatarisha chochote.

Tulinganishe na September 12th, kazi ya Gonzalo Frasca wa Uruguay iliyotoka mwaka 2003. Mchezaji hupewa makombora ya kuwapiga magaidi walio katikati ya raia. Akifyatua, raia nao hufa, na wanaowalilia hugeuka magaidi wapya. Hakuna ushindi. Sura ya kiongozi haimo, lakini sera ya vita inaumbuka, na anayeiumbua ni mchezaji kwa mkono wake mwenyewe.

Hatusemi kicheko cha Sock and Awe hakina thamani. Mnyonge akimcheka mkubwa, hofu hupungua. Lakini tashtiti hudai zaidi ya hapo. Walimu wenzetu, tuwazoeze wanafunzi kuuliza: Anachekwa nani? Kwa kosa gani? Kicheko kikiisha, tumeelewa nini? Mchezo wa viatu unajibu swali la kwanza tu.