Mambo Sita ya Watu wa Yeriko: Utangulizi wa Fasihi ya Marabi kwa Mhakiki wa Kiswahili

1. Utangulizi

Mtaa wa Jericho, katika eneo la Eastlands jijini Nairobi, ni jirani wa mtaa wa Jerusalem. Majina yote mawili asili yake ni Biblia, lakini hayakupitia Biblia ya Kiswahili, kwani humo miji hiyo huitwa Yeriko na Yerusalemu. Juu ya jina hilo la kuazima yameongezwa mengine. Ofafa Jericho inamkumbuka Ambrose Ofafa, diwani aliyeuawa mwaka 1953 wakati wa Hali ya Hatari. Jericho Lumumba inamkumbuka Patrice Lumumba, aliyeuawa Kongo mwaka 1961. Jina la kwanza limekuwa kama matini, na yaliyofuata yamekuwa sharhe zake. Hakuna lililofutwa ili jingine lipate nafasi.

Desturi hii ya kuongeza bila kufuta ni mlango mwafaka wa kuingilia fasihi ya kale ya marabi wa Kiyahudi, ambayo haijazoeleka katika idara za Kiswahili. Makala haya yana shabaha mbili: kueleza kwa muhtasari muundo wa fasihi hiyo, na kuonyesha, kwa kifungu kimoja kinachohusu Yeriko ya kale, kwamba uhakiki wa Kiswahili una la kujifunza humo kuhusu namna ya kuitunza hoja iliyoshindwa.

2. Muundo wa Fasihi ya Marabi

Msingi wa fasihi hii ni Mishna, iliyokusanywa Galilaya takriban mwaka 200 chini ya Rabi Yehuda ha-Nasi, zaidi ya karne moja baada ya Warumi kulibomoa Hekalu la Yerusalemu mwaka 70. Mishna ina mafungu makuu sita, nayo hugawanyika katika vitabu 63 vinavyohusu kilimo, sikukuu, ndoa, madai, mambo ya Hekalu na utohara. Jina lake linatokana na kitenzi cha Kiebrania chenye maana ya kurudia. Wenyewe waliihesabu kuwa sehemu ya Torati ya Mdomo, na walikuwapo wakariri maalumu walioihifadhi kwa ghibu. Kwa mwanafunzi aliyefunzwa kutenga fasihi simulizi na fasihi andishi, Mishna ni mfano unaosumbua: imepangwa kwa nidhamu ya maandishi, ilhali imeishi vinywani mwa watu.

Mjadala juu ya Mishna huitwa Gemara, na Mishna pamoja na Gemara ndiyo Talmudi. Zipo mbili: ya Yerusalemu, ambayo licha ya jina lake ni kazi ya Galilaya, na ya Babeli, iliyokamilika baadaye na ambayo ndiyo yenye mamlaka makubwa zaidi. Sambamba nazo ipo Midrashi, yaani fasiri za aya za Biblia. Katika maandishi haya yote hukutana halakha, ambayo ni sheria, na hagada, ambayo ni visa, mawaidha na mifano.

Daniel Bomberg alipoichapa Talmudi ya Babeli mjini Venice kati ya mwaka 1520 na 1523, aliiweka matini katikati ya ukurasa, na pembeni akaweka sharhe ya Rashi, aliyefariki mwaka 1105, pamoja na maelezo ya wanazuoni waliomfuata na mara nyingi kumpinga. Aliyesoma katika vyuo vya Lamu au Mombasa, anayejua matini, sharhe na hashiya, hatauona ukurasa huo kuwa mgeni.

3. Mambo Sita

Katika kitabu cha Mishna kiitwacho Pesahim, sura ya nne inahusu desturi za mahali mbalimbali. Humo yanatajwa mambo sita yaliyofanywa na watu wa Yeriko. Matatu wanazuoni hawakuyakemea: kushughulikia uchavushaji wa mitende mchana kutwa siku ya mkesha wa Pasaka, kulisoma tamko la Shema kwa namna yao, na kuvuna na kurundika nafaka kabla ya sadaka ya mganda wa kwanza. Matatu waliyakemea: kujihalalishia matawi ya miti iliyowekwa wakfu, kula siku ya Sabato matunda yaliyoanguka chini ya miti, na kutenga katika mboga fungu la maskini ambalo sheria haikulitaka.

Ikumbukwe kwamba Biblia yenyewe huuita Yeriko mji wa mitende. Watu hawa walikuwa wakulima wa bondeni, na sehemu kubwa ya orodha hiyo inatoka shambani mwao. Talmudi ya Babeli inapoirejea inaonyesha kwamba hata maana ya orodha haikuafikiwa. Rabi Meir alishikilia kuwa mambo matatu yalifanywa kwa ridhaa ya wanazuoni. Rabi Yehuda alimjibu kwamba, lau ridhaa ingekuwapo, watu wote wangefanya hivyo. Kwa rai yake, yote sita yalikosa ridhaa, ila matatu yalinyamaziwa. Tofauti baina ya kuridhia na kunyamaza ndiyo kiini cha kifungu hiki. Kimya kingi kina mshindo mkuu, na Rabi Yehuda ameusikia mshindo huo.

Muhimu zaidi, rai zote mbili zimebaki ukurasani. Kitabu kingine cha Mishna, Eduyot, kinauliza kwa nini rai ya wachache itajwe ilhali hukumu hufuata ya wengi. Jibu mojawapo ni kwamba huenda baraza la baadaye likaihitaji. Talmudi inaeleza pia kwamba hukumu ilifuata shule ya Hillel dhidi ya ile ya Shammai kwa kuwa wafuasi wa Hillel walikuwa wapole na waliyafundisha maneno ya wapinzani wao kabla ya yao wenyewe.

4. Mgogoro wa Ushairi wa Kiswahili

Kigezo hiki kikielekezwa kwenye mgogoro wa ushairi wa Kiswahili, upungufu unadhihirika. Kaluta Amri Abedi alichapisha sheria za kutunga mashairi mwaka 1954. Euphrase Kezilahabi akatoa Kichomi mwaka 1974, diwani isiyofungwa na vina wala mizani. Kati ya kambi mbili palizuka mabishano makali: je, vina na mizani ni uti wa mgongo wa shairi, au ni desturi moja miongoni mwa nyingi? Leo mwanafunzi wa Kenya hufundishwa mashairi ya arudhi na mashairi huru kama vikapu viwili vilivyopangwa rafuni. Anajua kuhesabu mizani. Hajui kwamba watu waligombana, wala kwa hoja zipi.

Swali la Rabi Yehuda linafaa hapa. Je, wanamapokeo waliliridhia shairi huru, au walinyamaza tu mitaala ilipolipokea? Ikiwa ni kimya, basi suala halijaamuliwa, na kuliwasilisha kama lililokwisha ni kumnyima mwanafunzi haki ya kulifungua upya.

5. Mipaka ya Ulinganisho

Hata hivyo, fasihi ya marabi isichukuliwe kama kielelezo kisicho na dosari. Kwanza, kwa wenyewe ni sheria na ibada kabla ya kuwa sanaa. Pili, aliyehifadhi mabishano ni mwanazuoni, na aghalabu amehifadhi mabishano ya wanazuoni wenzake. Katika kifungu chenyewe cha Mishna, watu wa Yeriko hawasemi hata neno. Wanatenda, na wengine wanabishana juu ya matendo yao. Humo katika Mishna, sababu yao ya kutenga mboga kwa maskini haikuulizwa.

Mgogoro wa ushairi nao una watu wake wa Yeriko. Waliobishana walikuwa hasa washairi wenye diwani na walimu wa vyuo vikuu. Mwanamke aimbaye harusini na manju wa ngoma walitajwa kama ushahidi, mara chache kama wenye rai.

6. Hitimisho

Kinachohitajika ni matoleo ya kufundishia yatakayoweka shairi katikati ya ukurasa, na pembeni hoja ya aliyelikataa kuwa shairi pamoja na hoja ya aliyelitetea, kila moja kwa nguvu zake zote. Ubavu mmoja wa ukurasa huo uachiwe maneno ya waimbaji wenyewe, wakiulizwa wanachokiita shairi na sababu yao. Orodha ya watu wa Yeriko iliandikwa bila wao. Yao isiandikwe hivyo.