Kimya na Dola: Uigizaji wa Victor Rebengiuc

Mhakiki anayechunguza sanaa iliyozaliwa chini ya utawala wa kiimla hukabiliwa na kishawishi cha kuwa hakimu: huyu aliitumikia dola, yule aliipinga. Mizani hiyo haitoshi kumpimia Victor Rebengiuc, mwigizaji wa Romania aliyezaliwa Bucharest mwaka wa 1933, ambaye kazi yake ilianza enzi ya ukomunisti na kuendelea baada ya Nicolae Ceaușescu kuangushwa Desemba 1989. Makala haya yanashikilia kwamba nguvu za uigizaji wake zimo katika kunyamaza, na kwamba maana ya kimya hicho hubadilika kadiri nyakati zinavyobadilika.

Katika Pădurea spânzuraților (Msitu wa Walionyongwa) ya 1965, iliyompa Liviu Ciulei tuzo ya uelekezaji huko Cannes, Rebengiuc ni Apostol Bologa, Mromania aliye afisa katika jeshi la Austria na Hungaria wakati wa Vita Vikuu vya Kwanza. Bologa ashiriki kumhukumu Mcheki kifo cha kitanzi. Hatimaye kitanzi hicho chamfika yeye. Hadithi hii ingeweza kugeuzwa utukuzaji wa uzalendo. Rebengiuc aikwepa hatari hiyo: Bologa wake si shujaa, bali ni mtu ambaye dhamiri yamwamka polepole. Katika onyesho la mwisho, mpenziwe anapomwandalia chakula, maneno ni machache mno, na uzito wote wabebwa na uso.

Mbinu iyo hiyo yakomaa katika Moromeții (1987) ya Stere Gulea, iliyotokana na riwaya ya Marin Preda. Ilie Moromete ni mkulima wa kabla ya Vita Vikuu vya Pili anayewazungusha watoza kodi kwa kejeli, huku ardhi na wanawe vikimponyoka. Filamu haitaji ujamaa. Hata hivyo, hadhira ya 1987 ilijua kuwa kufikia 1962 mashamba ya wakulima yalikuwa yametiwa katika ushirika wa lazima. Kile ambacho mwigizaji hakukisema, watazamaji walikijaza wenyewe.

Ni kweli kwamba si kila kazi iliyopenya. De ce trag clopotele, Mitică? ya Lucian Pintilie, ambamo Rebengiuc aliigiza, ilikamilika 1981 ikapigwa marufuku hadi 1990, ijapokuwa ilitokana na tamthilia ya Caragiale ya karne ya 19. Kimya chenye utata kiliwapita wadhibiti. Kicheko cha wazi hakikuwapita.

Mapinduzi yalipozuka, Rebengiuc alijitokeza katika televisheni akiwa na karatasi ya msalani, ili waliomsifu Ceaușescu jana wajipanguse vinywa kabla ya kusifu uhuru. Tendo hilo laweza kusomwa kama uhakiki wa lugha yenyewe.

Ingekuwa rahisi kuhitimisha hapo, kwa ushindi. Lakini Medalia de onoare (Nishani ya Heshima) ya Călin Peter Netzer, ya 2009, yatuzuia. Humo Rebengiuc ni mzee anayetunukiwa nishani ya vita kwa makosa, ilhali mkewe hasemi naye kwa sababu alimsaliti mwana wao kwa wenye mamlaka. Sasa kimya ni hukumu inayomwelekea yeye.

Kwa hiyo, kimya katika sanaa hii si woga wala si ushujaa kwa asili yake. Mhakiki apaswa kuuliza nani anyamaza, mbele ya nani, na nani alipa gharama.