Wafumbuaji wa Mombasa

Filamu ya The Imitation Game ya mwaka 2014 inampeleka mtazamaji Bletchley Park, Uingereza, ambako mwanahisabati Alan Turing anapambana na Enigma, mashine ya Wajerumani ya kuficha ujumbe, katika Vita vya Pili vya Dunia. Benedict Cumberbatch anaigiza kwa ustadi mkubwa, na uchungu wa hadithi haufichwi. Mwaka 1952 nchi aliyoitumikia ilimtia Turing hatiani kwa uhusiano wake na mwanamume, akalazimika kuchagua jela au dawa za homoni. Alifariki 1954, akiwa na miaka 41. Msamaha wa kifalme ulitolewa 2013!

Mkazi wa Mtwara ana sababu ya karibu zaidi ya kuiheshimu kazi hiyo ya kufumbua misimbo.

Ukivuka maji ya Ruvuma kuelekea kusini, unaingia njia ya Mlango-Bahari wa Msumbiji. Huko, Juni na Julai 1942, nyambizi za Japani zilizamisha zaidi ya meli 20 za mizigo. Wakati huo wafumbuaji wa misimbo Waingereza waliohamishwa kutoka Colombo walikuwa Mombasa, katika jengo la shule ya Allidina Visram, wakinasa mawimbi ya redio ya Wajapani yaliyofika yakiwa dhaifu. Septemba, Wajapani waliteleza: ujumbe mmoja ulitumwa mara mbili, wa pili ukiwa na nyongeza. Wafumbuaji John MacInnes na Brian Townend waliudaka mwanya huo. Kufikia Novemba, JN-40, msimbo wa meli za biashara za Japani, ulisomeka wote.

Majina ya wawili hao yanastahili kutajwa kando ya la Turing.