Rejista za Mwanga: Giza kama Uchaguzi wa Kimtindo katika Kazi za Bradford Young

Mhakiki aliyelelewa katika nadharia za fasihi huiendea filamu kama aiendeavyo tamthilia: hutafuta dhamira, wahusika, migogoro na mazungumzo. Mwanga, ukitajwa, huwekwa chini ya kipengele cha ishara, ambapo nuru ni elimu au heri na giza ni ujinga au shari. Kazi za Bradford Young, mpigapicha mkuu wa filamu na tamthilia za runinga nchini Marekani, zinadhihirisha upungufu wa mkabala huo.

Young alizaliwa Louisville, Kentucky, mwaka 1977, akasoma katika Chuo Kikuu cha Howard, alikofundishwa na Haile Gerima, mwongozaji mzaliwa wa Ethiopia. Pariah (2011) na Mother of George (2013) ni filamu za bajeti ndogo. Selma (2014) ni ya kihistoria. Arrival (2016) ni bunilizi ya kisayansi, iliyomfanya Mmarekani Mweusi wa kwanza kuteuliwa kuwania tuzo ya Oscar ya upigaji picha. Zikafuata Solo (2018), filamu ya mfululizo wa Star Wars, na When They See Us (2019), tamthilia ya runinga yenye sehemu nne. Upana huu unazua swali: je, anayeimudu kila aina ya kazi ana mtindo wake mwenyewe?

Isimujamii inalo jibu. Mzungumzaji stadi hubadili rejista kulingana na muktadha, lakini anayemfahamu humtambua kwa mazoea yake ya uteuzi. Mazoea ya Young ni kuliachia giza sehemu kubwa ya fremu na kuufanya mwanga utoke mahali panapoaminika: dirishani, mlangoni au kwenye taa iliyomo chumbani.

Katika Selma, King anamfunulia Abernathy mashaka yake ndani ya seli yenye giza. Humo ndimo ukweli unamosemwa. Kinyume chake, kipigo cha darajani kinatokea mchana kweupe, katikati ya weupe wa moshi wa kutoa machozi. Anayesoma giza kuwa shari ataisoma filamu hii kinyumenyume. Katika Arrival, mwanaisimu Louise Banks anaukabili ukuta mweupe wenye ukungu, na maana inamfikia kwa maandishi meusi ya duara. Dirisha kubwa la nyumba yake linarudia umbo la ukuta huo, hivyo mwanga unaunganisha nyakati mbili kabla mazungumzo hayajafanya hivyo.

Uteuzi huu una historia. Filamu za rangi za karne ya 20 zilipimwa kwa kigezo cha ngozi nyeupe, na nyuso nyeusi zikapotea au zikamulikwa kupita kiasi ili zionekane. Young huacha kivuli kikae usoni na kuupa mng'ao wa ngozi kazi ya kuchora umbo. Katika Mother of George, weusi wa ngozi za wanandoa Wayoruba wa Brooklyn unakuwa kiini cha mpangilio wa rangi, wala hauhitaji kurekebishwa.

Hata hivyo, uteuzi huu una gharama. Giza la Solo linahitaji ukumbi uliofungwa vizuri na projekta yenye nguvu. Likitazamwa sebuleni mchana au katika kibanda umiza, sehemu ya matini hufutika. Kuhusu When They See Us, ambayo tangu mwanzo ilikusudiwa kutazamwa nyumbani, hoja hii ina uzito zaidi: upweke wa Korey Wise gerezani, katika sehemu ya nne, unategemea vivuli ambavyo skrini hafifu haivionyeshi. Rejista hufanikiwa pale tu hadhira inapoweza kuipokea.

Kwa uhakiki wa filamu katika Kiswahili, funzo ni la kimbinu. Mwanga unastahili kuchanganuliwa kama uteuzi wa msamiati unavyochanganuliwa: nini kimechaguliwa, nini kimeachwa, na nani anaweza kukisoma. Ishara zilizozoeleka zisitangulie ushahidi wa fremu yenyewe.