Jina la Manju: Mtunzi wa Nyimbo za Shamba katika Usukuma

Katika vitabu vya nyimbo za Kiafrika mna desturi iliyokwisha kuwa kama sheria. Shairi la pwani likichapishwa hutiwa jina la mtungaji. Wimbo wa bara ukichapishwa hutiwa jina la kabila. Muyaka bin Haji wa Mombasa alifariki takriban mwaka 1840, wala hakuacha kitabu. Walakini mashairi yake, yaliyokusanywa na W. E. Taylor kwa msaada wa Mwalimu Sikujua na kutolewa na William Hichens katika Diwani ya mwaka 1940, yalibaki kuwa ya Muyaka. Mtu wa Shinyanga aliyetunga na kuimba mbele ya umati mkubwa huandikiwa chini ya maneno yake mwenyewe “Wimbo wa Kisukuma”, kana kwamba kabila zima lilikaa barazani likakubaliana juu ya kila neno.

Lau nyimbo hizo zingekuwa kweli hazina mwenyewe, mkusanyaji asingelaumiwa. Ziko nyimbo za namna hiyo kila mahali: za kubembelezea watoto, za kutwangia, za michezo ya mbalamwezi. Lakini katika nchi ya Shinyanga, Kahama na Geita wimbo wa ngoma una mwenyewe, naye ajulikana. Wasukuma humwita ningi, na Kiswahili cha huko humwita manju. Yeye ndiye mtunzi, ndiye mwimbaji, ndiye kiongozi wa wachezaji, na aghalabu ndiye mwenye dawa za kundi. Kumwita “mwimbaji wa kienyeji” ni kumpunguza. Na kuufuta usemi wake katika jina la kabila ni kuuharibu wimbo wenyewe, kwa sababu ambazo zahitaji kuelezwa kwa urefu kidogo.

Ngoma za Usukuma zimegawanyika tangu karne ya 19 katika vyama viwili vikubwa, Bagalu na Bagika. Mapokeo yasema kwamba waanzilishi wao, Gumha na Ngika, walikuwa waganga walioshindana, na kila kundi lililofuata lilijihesabu kuwa la mmoja wao. Baada ya mavuno, wakati kazi ya jembe imepungua na chakula kimo ghalani, makundi mawili hukutana katika uwanja mmoja yakacheza kwa wakati mmoja. Hapana mwamuzi mwenye kalamu. Watu ndio mizani: huyu akiimba neno tamu, umati humjia, yule akijibu kwa neno kali zaidi, umati humhama wa kwanza ukaenda kwa wa pili. Mwenye kubaki na watu wengi ndiye mshindi. Ndiyo maana dawa za kuvuta watu zilithaminiwa sana, na ndiyo maana vilevile kila kundi lilitafuta mambo ya kushangaza macho, hata kucheza na nyoka, kazi waliyoijua zaidi watu wa chama cha Bayeye.

Katika uwanja kama huo jina si pambo. Manju hujitaja yeye na baba yake, humtaja mpinzani wake, hutaja kijiji alikotoka na wazee waliomwita. Kwa Kisukuma, mtu ni ng'wana fulani, yaani mwana wa fulani, na manju hulitia jina hilo ndani ya wimbo kama vile mshairi wa pwani alivyolitia lake katika beti za mwisho za utenzi, ila yeye halingoji mwisho. Analo mdomoni tangu mwanzo, kwa sababu anadai uwanja. Kila atakalosema baadaye, kejeli, majigambo, mawaidha au habari za njaa na ng'ombe, lasimama juu ya dai hilo. Mkusanyaji anayelikata jina kwa kuliona ni “salamu tu” hubaki na matusi yasiyo na mtukanwa na majibu yasiyo na swali. Halafu huandika katika dibaji yake kwamba nyimbo hizo ni fumbo lisiloeleweka! Fumbo hilo amelifanya mwenyewe.

Ni haki kukiri kwamba sehemu ya maisha ya manju haikuwa ya uwanjani. Alikuwa mkulima kati ya wakulima. Vikundi vya kulima kwa zamu viliitaka sauti ya kuongoza majembe, na katika bugobogobo jembe lenyewe likawa chombo cha kuchezea, likirushwa na kuzungushwa hewani kwa kipimo cha ngoma. Wako pia walioimba wigashe, ngoma ambayo wachezaji wake huketi wakayumbisha viwiliwili, nayo yampa msikilizaji nafasi ya kufuata maneno vizuri kuliko ngoma ya vumbi na mbio. Mhakiki apendaye maneno angefanya vyema kuanzia kwenye wigashe. Hata hivyo ni vigumu kuitenga namna moja na nyingine, maana mtunzi mmoja aliweza kuimba shambani asubuhi neno ambalo alilinoa upya kwa ajili ya uwanja.

Pamba ilipoenea, na chama kikuu cha ushirika cha Victoria Federation kilipoundwa mwaka 1955, manju alipata mambo mapya ya kuimba: bei, mizani ya ununuzi, viongozi wapya. Siasa nayo ilimfikia. TANU ilizuiwa kuendesha kazi zake katika Jimbo la Ziwa tangu mwaka 1954 hata 1958, na mwaka huo wa 1958 watu wa Geita walilipinga kwa nguvu baraza la mchanganyiko wa mataifa waliloletewa na serikali ya kikoloni. Katika nchi ambayo mkutano wa chama ulikuwa haramu, mkutano wa ngoma ulikuwa halali. Faida yake haihitaji kufafanuliwa. Miongoni mwa manju walioimba kwa ajili ya TANU jina la Kalikali ndilo linalotajwa kwanza. Kwa upande wa Tabora, Mwinamila na kundi lake la Hiari ya Moyo waliendeleza kazi ya namna hiyo baada ya Uhuru. Watu hawa hawakuwa vipaza sauti vya chama, ingawa wako wasomi wanaowasoma hivyo. Manju aliyezoea kumshinda mpinzani mbele ya umati alimtia mkoloni mahali pa mpinzani, akatumia silaha zilezile, tangu kujitaja hata kukejeli. Umbo la wimbo halikubadilika. Aliyebadilika ni anayejibiwa.

Kilicholiondoa jina ni jukwaa. Katika miaka ya 1960 serikali changa ya Tanganyika, baadaye Tanzania, ilitaka ngoma za makabila ziwe mali ya taifa, na kikundi cha ngoma cha taifa kilijifunza bugobogobo pamoja na nyinginezo. Nia ilikuwa njema na matokeo yake hayakuwa mabaya yote: mtoto wa Lindi akaijua ngoma ya Shinyanga. Ila ngoma iliyofupishwa iwe ya dakika chache mbele ya mgeni wa serikali haina nafasi ya mpinzani, na pasipo mpinzani jina la mtunzi halina kazi. Likadondoka. Mtangazaji akasema, “Sasa Wasukuma,” na tangu hapo vitabu vimesema vilevile.

Yafaa hapa kumtazama mwimbaji mmoja wa shamba wa nchi ya mbali, kwa sababu jina lake lilifika Afrika ya Mashariki kwa njia ya ajabu. Jimmie Rodgers wa Mississippi, aliyezaliwa mwaka 1897, alifanya kazi katika reli mpaka kifua kikuu kilipomdhoofisha. Agosti 1927, katika mji wa Bristol mpakani mwa Tennessee na Virginia, aliimba mbele ya vyombo vya kampuni ya Victor, akawa mmoja wa waanzilishi wa muziki ambao Wamarekani huuita kantri. Alirekodi nyimbo zaidi ya 100 katika miaka isiyozidi sita, akafa New York tarehe 26 Mei 1933, siku mbili baada ya kurekodi mara ya mwisho. Ralph Peer, aliyemrekodi, alitaka waimbaji walete nyimbo mpya za kwao, kwa maana wimbo wenye mtunzi uliweza kuandikishwa na kuleta fedha. Huko jina lililindwa na daftari la hakimiliki. Wala daftari hilo halikuwa la haki tupu: shemeji yake Rodgers, Elsie McWilliams, alimtungia au alitunga pamoja naye nyimbo nyingi, na si zote zilizotolewa zikiwa na jina lake.

Santuri za Rodgers zilifika Kenya. Mwaka 1950 Hugh Tracey, katika safari yake ya kunasa nyimbo, aliwakuta Wakipsigis wa Kapkatet wakiimba juu ya “Chemirocha”. Jina la Rodgers lilikuwa limegeuzwa kwa matamshi ya huko, na mwenye jina akadhaniwa kuwa kiumbe nusu mtu, nusu paa. Nyimbo zake hazikuimbwa. Lililoimbwa ni jina. Katika safari za mwaka huohuo Tracey alirekodi pia Tanganyika, hata kwa Wanyamwezi na Wasukuma. Hivyo twakuta jambo la kutafakari: wasichana wa Kipsigis walilihifadhi jina la mgeni wasiyejua maneno yake, na wasomi wa nyimbo za Usukuma mara nyingi wamehifadhi maneno ya mwenyeji wakalitupa jina lake. Kati ya makosa hayo mawili, la kwanza lina ushairi ndani yake.

Si wote waliokosea. Frank Gunderson, katika kitabu chake kikubwa juu ya nyimbo za kazi za Wasukuma kilichotoka mwaka 2010, alikusanya nyimbo zaidi ya 300 na kuziambatanisha na watu waliozitunga au waliomwimbia. Kitabu hicho ni cha Kiingereza na bei yake haimfai mwanafunzi wa Shinyanga, lakini njia yake ndiyo sahihi.

Siku hizi jina limerudi kwa mlango mwingine. Kuanzia Geita, ambako mgodi mkubwa ulifunguliwa tena mwaka 2000 baada ya ule wa zamani kufungwa mwaka 1966, hadi Kahama na Bulyanhulu, fedha ya dhahabu, ya mpunga na ya ng'ombe imewapa manju hadhira mpya yenye simu mkononi. Bhudagala Mwanamalonja na wenzake hurekodi kwa Kisukuma, hutoa picha zao wenyewe, na majina yao ya ng'wana fulani hutangulia wimbo kama zamani. Kwa upande huo mhakiki hana la kulalamika. Walakini wimbo wa studio una udhaifu wake. Manju ameketi na fundi wa mitambo, hayumo mbele ya adui. Mahali pa mpinzani huingia mfadhili: mwenye harusi, mwenye duka, mwenye shimo la dhahabu, naye hulipia kusifiwa. Sifa si kitu kigeni katika utungaji wa Usukuma, ila zamani sifa ilijua kwamba upande wa pili wa uwanja yuko mtu atakayeikanusha kabla ya jua kutua. Sifa isiyo na mkanushaji hurefuka. Majina yakaja mengi hata wimbo ukafanana na orodha ya wageni waalikwa. Nyimbo zilizo bora za siku hizi ni zile ambazo mtunzi amemtafutia nafsi yake mpinzani mahali pengine: umaskini, jirani mwenye wivu, au umri wake mwenyewe.

Liko jambo la sheria pia, nalo lawahusu wasomi kuliko wanavyodhani. Sheria ya Hakimiliki ya Tanzania ya mwaka 1999 huitenga kazi ya mtunzi na sanaa za jadi ambazo ni urithi wa jamii. Wimbo wa manju ukiingia maktabani chini ya jina la kabila, unawekwa katika fungu la pili kwa kalamu ya mtaalamu, ijapokuwa wajukuu wa mtunzi wangali hai na waweza kumtaja. Atakayeuchukua kesho kutwa autie katika filamu au tangazo atasema ameukuta hauna mwenyewe, na ushahidi wake utakuwa kitabu cha chuo.

Katika kanda za zamani zilizonaswa vijijini, kabla ngoma haijakolea, husikika aghalabu sauti moja ikisema maneno ya haraka ambayo mnakili huyaruka ili afike kwenye wimbo. Hapo ndipo manju alipokuwa akisema yeye ni mwana wa nani.