Bibi Taratibu na Maneno ya Jikoni

Tukisoma kuhusu Wahindi wa Dar, huwa tunakimbilia siasa: majumba yaliyotaifishwa mwaka 1971, familia zilizohamia Kanada. Kwa hiyo riwaya ya M.G. Vassanji, The Gunny Sack (1989), imesomwa mno kama kitabu cha kuondoka. Mimi naisoma kama kitabu cha nyumbani, na humo ndimo lilipo deni lake.

Nyumba yenyewe Vassanji anaijua. Mtaa wa Kichwele, ambao baada ya uhuru uliitwa Uhuru, unaotoka Mnazi Mmoja kuelekea Kariakoo. Kulsum, mjane, anayeendesha duka huku akilea watoto. Biashara na malezi havina ukuta kati yao. Sehemu hizi sina ugomvi nazo.

Ugomvi wangu ni Bibi Taratibu. Dhanji Govindji, mfanyabiashara aliyetoka India, anazaa na mwanamke huyu mtumwa mtoto aitwaye Huseni. Huseni anamzaa Juma, Juma anamzaa Salim, msimulizi wetu. Yaani ukoo huu unaojivunia desturi za kwao unatokana na mama Mwafrika, na Vassanji ana ujasiri wa kulisema hilo. Lakini baada ya kumtaja, anampa maneno machache mno. Hata jina lake ni kama agizo: taratibu, usipige kelele.

Atakayemtetea mwandishi atasema gunia hutoa kilichowekwa ndani yake, na sauti ya mtumwa haikuwekwa. Nakubali nusu. Nusu nyingine inakanushwa na lugha yenyewe. Sikiliza Kikachi na Kigujarati cha Dar: kisu, fagio, sufuria. Maneno haya hayakutoka kwenye daftari la mahesabu. Yaliingia kwa vinywa vya waliopika na kufagia, yakabaki katika midomo ya watoto wa nyumba. (Nasi tukachukua chapati, leo sikukuu gani inapita bila chapati?) Ushahidi wa waliokaa jikoni upo, tena kila siku.

Ndiyo maana ukimya huu unaniuma. Mabishano yetu ya nani mgeni na nani mwenyeji yanahitaji kumwona Bibi Taratibu kama bibi wa ukoo, mwenye kauli ndani ya nyumba. Sikutaka hotuba kuhusu utumwa. Ningeridhika na ugomvi mmoja tu kati yake na Dhanji, hata wa chumvi.